Matembezi ya malishoni na mchungaji wa mbuzi: nilichojifunza, nilichoonja na kinachohitaji kurekebishwa

Mashamba mengi yanayokaribisha wageni hukupa chupa ya maziwa umnyweshe mwanambuzi, ukapiga picha, ukala, ukaondoka. Matembezi haya ni kitu kingine kabisa, na ndiyo maana naandika kwa kirefu. Hapa mgeni anaingia ndani ya siku ya kazi ya mchungaji. Mbuzi wanatoka zizini kwa sababu wana njaa, na njia ya siku hiyo inaamuliwa na malisho. Wewe unafuata nyuma.

Nianze na aliyetuongoza, maana huduma nzima imemwegemea yeye. Ni mama wa makamo aliyekulia kwenye kazi ya mbuzi, mpole wa maneno, asiyejibu swali kabla ya kulitupia kundi jicho kwanza. Shamba limempa kijana wa kusaidia kupokea wageni, lakini malishoni mwenye kauli ni mama. Hakuwa na hotuba aliyoikariri. Kama hakuna cha kusema, alinyamaza, na sisi tukanyamaza naye.

Tulifika wakati wa kukamua. Jua lilikuwa limeshapanda na mbuzi bado wamefungiwa, jambo ambalo mgeni mmoja alilalamikia kwamba tunacheleweshwa. Sababu ni umande. Majani yakiwa na unyevu, vitoto vya minyoo vilivyoanguliwa kwenye kinyesi hupanda mpaka kwenye majani, na mbuzi akilishwa mapema huvimeza pamoja na nyasi. Majani yakikauka, hatari inapungua. Kwa sababu hiyohiyo mama huwapitisha zaidi vichakani, ambako mbuzi hula juu ya usawa wa ardhi, na huwaepusha na nyasi zilizokwisha kulika mpaka chini. Mchungaji anayejua hivi anaokoa fedha ya dawa, na dawa zenyewe anaziwekea akiba, maana minyoo wa mbuzi huzizoea zikitumiwa ovyo.

Kukamua kwenyewe nakushauri usikose, hata kama kunakulazimu kuamka mapema. Michirizi ya kwanza ya kila chuchu haikuingia kwenye ndoo. Mama aliikamulia kwenye kikombe cheusi na kuitazama vizuri. Maziwa yakionyesha vibonge au damu, kiwele kina ugonjwa, na mbuzi huyo hukamuliwa wa mwisho, maziwa yake yakawekwa kando. Nilipewa nafasi ya kujaribu. Siri ni kuibana chuchu juu kwa kidole gumba na cha shahada ili maziwa yasirudi kiweleni, kisha kufunga vidole vilivyobaki kimoja kimoja kwenda chini. Kuvuta hakuhitajiki, na kunamuumiza mnyama.

Kisha lango likafunguliwa.

Malishoni ndipo nilipoona thamani ya fedha niliyolipa. Mbuzi hawatembei kiholela. Kuna jike mkubwa anayetangulia, na wengine wanapanga hatua zao kwa kumwangalia yeye. Kijana mmoja wa kundi letu alitaka kwenda mbele apige picha wakimjia. Mama akamzuia: “Usimtangulie huyo, mwanangu. Ukimziba yeye, hawa wengine wote watatawanyika.” Akasogea kando, na kwa kweli jike yule alichagua kipenyo baina ya vichaka ambacho sisi wenye miguu miwili tusingekiona. Mama anaongoza kundi zima kwa kumwongoza huyo mmoja: mluzi mfupi, jina lake, mara chache jiwe dogo linalorushwa mbele yake ili ageuke. Fimbo ilibaki begani muda mwingi.

Nilidhani nafahamu mbuzi anavyokula. Ukiwatazama kwa utulivu unaona kwamba hawamalizi mmea. Anakwanyua majani mawili matatu hapa, anasogea, anasimama kwa miguu ya nyuma kufikia tawi, anachuna gome kidogo, anarudi kwenye nyasi, anaziacha. Midomo yake ni myepesi kiasi cha kuchomoa jani katikati ya miiba bila kuchomwa. Mimea mingi ya vichakani ina uchungu unaojikinga nao, na mbuzi anaustahimili kuliko ng'ombe, lakini hata yeye anajilinda kwa kuchanganya kidogo kidogo. Yule anayesema mbuzi hula chochote hajawahi kumfuata mbuzi asubuhi nzima. Ni mchaguzi kuliko wanyama wengi wa kufugwa.

Mama alimkamata mmoja akatufunulia midomo. Mbele juu hakuna meno, kuna ufizi mgumu tu. Chini yapo 8. Jozi ya kwanza ya meno makubwa huota mbuzi akiwa na umri wa mwaka 1 hivi, kisha jozi nyingine karibu kila mwaka, hadi anapofikia miaka 4 hivi yakawa yamekamilika. Baada ya hapo unahesabu kwa kuchakaa. Tulipewa mbuzi wengine tukadirie umri wao, na watoto waliokuja na wazazi wao walikuwa wepesi kuliko sisi. Jicho nalo tulilitazama kwa karibu: mboni ni mstatili uliolala, na mbuzi akiinamisha kichwa, jicho huzunguka ili mstatili huo ubaki sambamba na ardhi. Ndivyo anavyoona upande mpana wa upeo, akimchunga adui huku anakula.

Kilichonigusa zaidi kilikuja wakati wa mapumziko, kundi lilipolala kivulini kucheua. Mama aliniambia niweke kiganja kwenye ubavu wa kushoto wa jike mmoja mzee, pale penye kibonde nyuma ya mbavu, na nisubiri. Kwanza hakuna kitu. Halafu chini ya ngozi kitu kikajivuta, kikainuka taratibu mpaka kikausukuma mkono wangu, kama donge la unga wa mkate linaloumuka chini ya kitambaa, kikashuka. Hilo ni tumbo kubwa la kwanza kati ya manne, likichanganya majani na mate na vijidudu vinavyoyavunja. Kwa mbuzi mwenye afya hujivuta hivyo mara 1 hadi 2 kwa dakika. Likinyamaza, mbuzi anaumwa, na mama hupitisha mkono hapo kila jioni kabla ya kitu kingine chochote. Nimesoma habari za wanyama wanaocheua tangu shule ya msingi. Sikuwahi kuelewa mpaka mkono wangu ulipoinuliwa.

Hapo ndipo nilipoelewa pia kwa nini aliwakataza katakata wageni kuwapa mbuzi mkate waliokuja nao. Wanga mwingi wa ghafla huchacha tumboni, tindikali inapanda, vijidudu vizuri vinakufa, na mbuzi anaweza kufa. Alisema hayo bila kumwaibisha mtu, ila alisimama mpaka mkate ukarudi kwenye mkoba.

Aliongea pia, kwa ufupi, juu ya kazi yenyewe. Binadamu na mbuzi wameanza safari yao pamoja kiasi cha miaka 10,000 iliyopita, na mifupa iliyochimbwa Ganj Dareh, kwenye milima ya Zagros huko Iran, ni miongoni mwa ushahidi wa mwanzo kabisa wa ufugaji huo. Umoja wa Mataifa umeutenga mwaka 2026 kuwa mwaka wa kimataifa wa nyanda za malisho na wafugaji. Mama alifurahia hilo, lakini akasema jambo linalomhusu zaidi ni njia za kupitishia mifugo kutozibwa. Nilimuuliza waziwazi kama fedha tunazolipa zinamfikia. Akajibu kwamba anapata fungu lake kwa kila mgeni, mbali na mauzo ya maziwa. Kwangu jibu hilo ni sehemu ya ubora wa huduma. Ukitaka kuweka nafasi mahali popote pa aina hii, uliza swali hilo kabla ya kulipa.

Sasa chakula. Mezani swali langu la kwanza lilikuwa kama maziwa yamechemshwa au kupashwa inavyotakiwa, na nasisitiza kila mtu aulize. Mwaka 1905 Themistocles Zammit aligundua huko Malta kwamba homa iliyokuwa ikiwasumbua askari na wenyeji ilitoka kwenye maziwa mabichi ya mbuzi ambao kwa macho walikuwa wazima kabisa. Ugonjwa huo, brusela, upo hadi leo na humtesa mtu kwa miezi. Hapa walinijibu vizuri: maziwa hupashwa kwa nyuzi 63 kwa dakika 30, kipimajoto kipo, daftari la kila siku lipo, na nilionyeshwa vyote viwili bila kununiwa.

Maziwa yenyewe ni meupe pe. Mbuzi hugeuza rangi ya njano ya majani kuwa vitamini A, kwa hiyo siagi na jibini lake havina ule unjano wa ng'ombe. Wenzangu walitarajia harufu ya beberu, wakaikosa. Kwa sehemu kubwa harufu hiyo hutokana na kuwafuga beberu pamoja na majike wanaokamuliwa, na pia maziwa kukaa bila kupozwa. Shamba hili beberu wana zizi lao upande wa pili, na maziwa hupozwa mara baada ya kukamuliwa. Mtindi ulikuwa laini, karibu wa kunywewa, kwa sababu maziwa ya mbuzi huganda kilegevu kuliko ya ng'ombe. Anayetaka mtindi wa kusimama kwenye kijiko hatauona. Jibini bichi la siku hiyo lilikuwa na uchachu mwepesi na chumvi kidogo sana, na lilipopakwa kwenye mkate na kudondoshewa asali, meza nzima ilikaa kimya. Walitupa hata maji yanayobaki jibini likishachujwa, yamepozwa na kutiwa limau. Sikutegemea kuyapenda. Niliomba gilasi nyingine.

Upungufu upo, na unahusu mpangilio zaidi kuliko watu. Baada ya saa nyingi za mwendo wa mbuzi, chakula kilipangwa mezani kwa mpigo na tukaharakishwa kwa sababu kundi lingine lilikuwa linangoja. Jibini lililokomazwa lilitoka kwenye jokofu moja kwa moja, baridi kiasi cha kutosikia ladha. Lingetolewa mapema likapata joto la chumba, lingekuwa nyota ya meza. Hakuna aliyetuambia tuanze na kipi. Mama mchungaji, ambaye angeweza kutuunganishia ladha na yale majani tuliyoyaona yakiliwa, alikuwa ameshaondoka kurudi kwa mbuzi wake, na aliyebaki alizungumzia bei za bidhaa tu.

Maelezo ya huduma yanasema matembezi ni mepesi kwa kila mtu. Si kweli. Mbuzi hupenda miteremko na mawe, na mzee mmoja mwenye magoti mabovu alilazimika kurudishwa katikati. Waandike ukweli, na waandae njia fupi kwa wasioweza kupanda. Kundi letu pia lilikuwa kubwa mno. Waliokuwa nyuma hawakusikia neno, wakaanza kupiga soga, na kelele zao ziliwasukuma mbuzi kwenda mbele kuliko mama alivyotaka.

Ukienda, vaa viatu vya kushika vizuri na suruali ndefu kwa ajili ya miiba, beba maji yako, na usijipake manukato makali. Wenye watoto wadogo wasiogope, ila wawaelekeze kutokimbia kati ya kundi.

Naipa nyota 4 kati ya 5. Nyota ya mezani nimeizuia, na nimewaandikia wenye shamba haya yote. Wamejibu kwamba kuanzia msimu ujao mama atakaa na wageni wakati wa kuonja na makundi yatapunguzwa. Mimba ya mbuzi ni siku 150 hivi, na beberu wameshaachiwa kuingia kwa majike, kwa hiyo msimu huo utakuwa wa kuzaa: matembezi yatakuwa mafupi kwa sababu majike wenye watoto hawaendi mbali, na maziwa ya mezani yatapungua, kwani dang'a, yale maziwa mazito ya kwanza baada ya kuzaa, yote ni ya wanambuzi. Nafasi nimeshaiweka.