Kulogini Steam kwenye laptop ya mtumba: nyota 4, ya tano kala muuza karanga

Niseme mapema kabla hamjaanza kunirushia mawe, Steam, lile duka la mtandaoni la magemu ya kompyuta, mi naipenda. Nna akaunti tangu niko form two, enzi hizo tunachezea kwenye kompyuta ya binamu yangu, na jina la akaunti nililojipa kipindi kile ni la aibu, siwezi kuliandika hapa, na tatizo jina la akaunti Steam halibadilishwi mpaka unaingia kaburini. Unachoweza kubadilisha ni lile la profaili ambalo watu wanaliona ukiwa unacheza. Hilo lishike kabisa, maana wengi wanaolia kwamba wamekataliwa kuingia wameandika jina la profaili au imeili pale kwenye kisanduku cha kwanza, na pale panatakiwa jina la akaunti. Kama umelisahau kuna sehemu ya msaada chini ya kile kisanduku, unaweka imeili au namba ya simu uliyojisajilia, wanakutajia.

Sasa mkasa. Mwezi uliopita nikachomolewa simu kwenye daladala naenda Mbagala, wiki hiyohiyo nikawa nshalipia laptop, moja ya zile zinazotoka Uingereza zimetumika maofisini huko, wanazipiga brashi zinakuja kuuzwa Kariakoo. Duka silitaji. Laptop yenyewe nzuri tu, rami 8, SSD, Football Manager inakimbia na Counter-Strike 2 inajikongoja ukishusha kila kitu mpaka chini. Ila betri imekufa kabisa, inaishi kwa chaja, na hiyo betri iliyokufa ndo mzizi wa nusu ya haya ntakayowaambia.

Ijumaa jioni nikaweka Steam, dirisha likafunguka, kushoto jina na paswedi, kulia kile kimraba cha QR. Kawaida mi natumia QR, unafungua programu ya Steam kwenye simu unapiga ile picha unakubali basi umeingia, hujaandika hata herufi. Ila simu ndo hiyo ipo kwa mwizi. Nikaandika paswedi. Imekataa. Nikarudia polepole kidole kimoja kimoja kama mzee anayejaza fomu ya benki. Imekataa. Af ujumbe wake ni uleule, angalia jina na paswedi ujaribu tena, haikuambii kipi kimekosewa, na hapo nawaelewa kwa sababu ikisema jina liko sawa ila paswedi sio basi inamsaidia mwizi pia.

Nikajaribu kama mara kumi hivi, ikaniambia kuna majaribio mengi yaliyoshindikana kutoka kwenye mtandao wangu, nisubiri. Hii wengi inawatisha wanadhani akaunti imefungiwa, wala. Kilichozuiwa ni anwani ya intaneti unayotokea, sio wewe. Na sisi tunaotumia hotspoti ya simu ndo tunakutana nayo zaidi, mitandao ya simu mara nyingi inawaweka wateja kibao nyuma ya anwani moja, kwa hiyo kuna siku unaweza ukalipia makosa ya jirani ambaye humjui. Dawa yake acha kubonyeza. Kabisa. Kaa pembeni hata lisaa, au ingilia kwenye mtandao mwingine.

Basi nikakaa pembeni nikafungua Notepad kuandika paswedi niione kwa macho. Weee. Paswedi yangu ina alama ya @ katikati, kubonyeza Shift na 2 inatoka alama ya kufungulia semi! Laptop ya Uingereza, Windows yake imeseti kibodi ya kule, @ imehamia upande wa kulia kwenye kitufe karibu na Enter. Kwenye kisanduku cha paswedi unaona nukta tu, utajuaje. Lisaa zima natukana mashine kumbe mashine inaandika kile nilichoiambia. Ukinunua laptop ya mtumba kitu cha kwanza kabisa nenda setingi za lugha, ongeza kibodi ya Marekani kama ndo uliyoizoea, ile ya Uingereza itoe. Au jifunze tu @ ilipo. Na ukishamaliza kuhakiki paswedi kwenye Notepad futa, usiisevu, nawajua nyie.

Paswedi ikakubali, na kabla sijaweka namba za Steam Guard, ule ulinzi wa pili baada ya paswedi, luku ikaisha. Taa pwaa, laptop pwaa, maana haina betri. Nikanunua umeme nikawasha tena, sasa Steam inasema haiwezi kuunganishwa, wakati bando lipo na WhatsApp kwenye simu ya dada inaingia vizuri tu. Nikafungua brauza, kila tovuti inagoma, moja ikaniambia saa yako iko nyuma. Kuangalia pembeni chini, laptop inaamini tuko mwaka 2013.

Hii nataka niikalie kidogo kwa sababu nimeona watu wanafuta Steam wanaweka upya mara tatu, wanamaliza bando, na shida ni saa. Tovuti zote za siku hizi zinajitambulisha kwa cheti, na cheti kina tarehe ya kuanza na ya kuisha kama leseni ya udereva. Laptop iliyoko 2013 ikiletewa cheti cha juzi inaona hakijaanza kazi bado, inafunga mlango. Na kwa nini ilirudi 2013, ndani ya laptop kuna kibetri kidogo cha duara kama cha saa, nyingi wanaweka CR2032, kazi yake kutunza saa wakati mashine haina umeme. Kikifa, kila chaja ikichomoka unarudishwa kwenye tarehe ya kiwandani. Laptop yenye betri nzima unaweza usigundue miaka, yangu ilikuwa inategemea ukuta kwa hiyo ikaumbuka siku ya kwanza.

Windows huwa inajirekebisha saa yenyewe mtandaoni lakini ikiona tofauti ni ya miaka inaogopa kugusa. Kwa hiyo weka tarehe kwa mkono kwanza, halafu ndo ubonyeze ile ya kuoanisha saa na mtandao. Na ukanda wa saa, yangu ilikuwa London. Dar es Salaam kwenye ile orodha hamna, msihangaike kuitafuta, chagua Nairobi, najua inauma. Halafu mi kwa ujinga wangu ilikuwa saa mbili usiku nikaandika 2:00 PM. Kiswahili kilinikaa kichwani, mashine inahesabu ya kizungu, nikakaa nashangaa mbona nje giza na laptop inasema saa nane mchana. Kibetri nilibadilishiwa Jumatatu na fundi mmoja, akaunyofoa mfuniko wa chini, ikachukua kama dakika ishirini, elfu kumi na kibetri juu. Laptop haijarudi 2013 tena.

Haya, tukaingia kwenye Steam Guard yenyewe, na hapa ndo review inaanza kwa kweli. Ilianza 2011 ikiwa inatuma namba kwenye imeili, baadaye ikaja ya kwenye simu, herufi na tarakimu tano zinazobadilika kila sekunde 30. Nawapa sifa kwa kitu kimoja ambacho watu hawakioni, zile herufi wameondoa zinazochanganya, hukuti O wala sifuri, hukuti I wala moja, kwa hiyo hata ukisomewa na mtu kwenye simu yenye mkwaruzo hukosei. Na hazihitaji bando, simu inazitengeneza yenyewe. Mfumo mzuri sana. Ila umejengwa kwa mtu mwenye simu moja inayokaa naye mpaka aamue mwenyewe kubadilisha, na simu zetu tunajua zinavyoondoka.

Wao wanajua pia, ndo maana siku unapowasha hiyo kitu wanakupa namba ya uokoaji, inaanza na R halafu tarakimu tano, wanakuambia iandike mahali. Mi niliiandika! Msinione mzembe. Niliiandika nyuma ya daftari la Hisabati la mpwa wangu kwa sababu ndo lilikuwa karibu. Nikampigia dada, dada hilo daftari la darasa la nne liko wapi, akacheka, akasema yale ya zamani yote alimpa mama anayekaanga karanga pale kituoni kwa kufungia. Kwa hiyo kuna mtu Temeke alikula karanga za mia mbili zimefungwa kwenye akaunti yangu ya Steam yenye magemu ya miaka nane.

Kilichoniokoa ni namba ya simu. Kama akaunti yako umeunganisha na namba, na laini unaweza kuipata tena, hujafa. Nikaenda kurudisha laini, NIDA na kidole, foleni ndefu, mbele yangu kuna bibi anagombana na mhudumu kuhusu salio la 2019, ikachukua asubuhi nzima lakini nikatoka na laini ileile namba ileile. Nikaweka programu ya Steam kwenye simu mpya, jina, paswedi, ikaomba namba za Steam Guard, nikachagua kwamba ile simu sina tena, ikasema inatuma SMS. SMS ikaingia kabla sijakaa vizuri. Steam Guard ikahamia simu mpya, ile ya kwa mwizi ikafa palepale, na ile R ya kwenye karanga nayo ikafa, nikapewa mpya. Vitu vya ndani ya magemu vya kuuzana na kubadilishana vinafungwa kwa muda baada ya hapo, usishtuke, ni kumzuia mwizi asikuhamishie mali, magemu unacheza kama kawaida.

Na kama namba ilishapotea na R imeliwa? Kuna fomu ya msaada, unathibitisha akaunti ni yako kwa vitu kama malipo uliyowahi kufanya. Sisi tunaolipia kwa zile kadi za Visa za kwenye simu, ambazo ukimaliza unaifuta unatengeneza nyingine, tutunze risiti zinazokuja kwenye imeili. Usifute chochote kutoka Steam, hata kama sanduku limejaa.

Nikarudi kwenye laptop, nikapiga QR, sekunde mbili, nimeingia. Karibu nilie. Nikaweka alama ya kunikumbuka, na siku hizi nikijua bando linaisha naingia kwanza mtandaoni af nahamia hali ya nje ya mtandao, Football Manager inaendelea bila shida. Ila lazima uwe umeshaingia mtandaoni kwanza kwenye hiyo mashine, ukingoja bando liishe ndo uikumbuke imekula kwako.

Kitu kingine wazee, ile QR ni tamu lakini matapeli wameipenda pia. Mtu anakutumia linki eti ipigie kura timu yangu, au eti nimekuripoti kwa bahati mbaya, unaingia unakuta kidirisha cha kulogini Steam kizuri kuliko chenyewe. Kuna ujanja mmoja, kishike hicho kidirisha kwa juu ukivute nje ya ukurasa. Cha kweli kinatoka kwa sababu ni dirisha kamili, cha feki kinagota ukutani kwa sababu ni mchoro ndani ya tovuti yao. Kikigota funga kila kitu ukimbie.

Wenye Windows 7 au 8.1 wasipoteze muda na haya yote, Steam iliacha kuzisapoti tangu 1 Januari 2024, tatizo lenu sio paswedi. Na lugha, Steam ina lugha karibu 30 na Kiswahili hamna. Basi bana.

Kwa hiyo kulogini nawapa 4 kati ya 5, wangenipa namna ya kubadilisha lile jina la form two ningewapa na ya tano. Duka la laptop wangepata 3, kibetri cha buku tatu kingewapa 5. Namba mpya ya R nimeiandika kwa maka ndani ya mlango wa kabati langu, kubwa. Mama kaiona juzi akaniuliza hilo deni nadaiwa na nani.