Formasyo ya fiabilite ya jioni pale Kampemba: naipa nyota 4 juu ya 5

Ba tekinisien wa L'shi (Lubumbashi), na ninyi wote wenye kuwa na foraji (kisima cha kuchimbwa na masini), gurupu (jenereta) ama sola mu lupango, hii naiandika kwa ajili yenu. Ile formasyo ya kuanza kujifunza fiabilite, yani hesabu ya uwezekano wa kifaa kufanya kazi bila pane, bila kuharibika, yenye inafanyika jioni pale Kampemba, nimeimaliza na nasema wazi: inafaa, inafaa kabisa, ingawa kuna mahali wanapaswa kurekebisha na nitafika hapo. Bei ni dola 60 kwa muzunguko muzima, unaweza kulipa kwa mara mbili, silabusi iko ndani ya bei. Wanaanza saa watu wanatoka kazini, kwa hiyo hata kama unashinda chini ya masini muchana kutwa unaweza kufika.

Mwalimu ni papa mumoja wa pansioni, alifanya mantenansi mu mamine miaka mingi, na anafundisha kwa Swahili yetu ya kila siku, Kifaransa anaweka tu pale jina la kitu liko vile. Hiyo peke yake tayari ni sababu ya kwenda. Wengi wetu fiabilite tuliisikia ku shule, formula za kukariri siku ya egzamen, hakuna mwenye alituonyesha unaifanyia nini ukiwa mbele ya pompe yenye imesimama na watu wanangoja maji.

Siku ya kwanza anakataza watu kusema "hii pompe iko nguvu" halafu unanyamaza. Lazima useme itafanya kazi gani, kwa muda gani, mu hali gani, na uwezekano wa kufika mwisho bila pane ni ngapi. Vitu vinne, kimoja kikikosa bado haujasema kitu. Pompe inavuta maji safi ku Katuba, na ndugu yake ya karton ileile inavuta maji ya mchanga huko Ruashi, ku hesabu hizo ni pompe mbili tofauti, na mwenye kukuuzia akikupa namba moja ya kote anakudanganya hata kama hajui.

Kisha anachora foraji ya sola ku tablo, na hapa njo mahali formasyo inalipa bei yake. Paneli, kontroleri (ile inapeleka nguvu ya paneli ku pompe), pompe, kable na maunganisho yake, floteri mu tanki (ile inasimamisha pompe maji yakijaa). Kila moja anaipa uwezekano wa kumaliza mwaka bila kuharibika: paneli 0.98, kontroleri 0.90, pompe 0.92, kable 0.95, floteri 0.93. Namba ni za mfano, alisema tangu mwanzo, lakini mpangilio ni ule wetu wa kila siku, vyote viko ku mustari moja, kimoja kikikufa maji yanakatika. Akauliza foraji nzima ni ngapi. Watu wakasema 0.90, wengine 0.93 juu njo iko katikati. Hapana, kwa vitu vyenye viko ku mustari unazidisha, na ukizidisha zote tano unapata karibu 0.72. Yani hakuna hata kipande kimoja chenye kiko chini ya 90 juu ya 100, na bado foraji yako iko na nafasi 28 juu ya 100 ya kusimama kabla mwaka haujaisha. Sale ilinyamaza kidogo pale.

Halafu akauliza: uko na pesa ya kurekebisha kitu kimoja, unaiweka wapi? Mu huu muji kila mutu akiona maji yanayumba anaongeza paneli. Haya, tupige: hata ukizipa paneli uwezekano wa karibu 1, foraji inatoka 0.72 inafika 0.73, haujafanya kitu. Ukiweka kontroleri ya pili yenye iko tayari kabisa kupokea kazi ile ya kwanza ikikufa, uwezekano wa kwamba zote mbili zikufe ni 0.10 mara 0.10, kwa hiyo pale kwenye 0.90 unaandika 0.99, na foraji nzima inapanda karibu 0.79. Hapo faida yake inaonekana. Tangu siku ile mi siwezi kuandika devi (karatasi ya bei) ya foraji bila kupita ku hesabu hii, inachukua dakika chache tu na kalkuleta ya telefone, na kliya akiuliza juu ya nini nimeweka kontroleri mbili namuonyesha karatasi.

Somo la MTBF, yani wastani wa masaa kati ya pane moja na ingine, naona kila muuzaji wa vifaa pale centre-ville angepaswa kulikaa. Mu notisi ya kifaa wameandika MTBF masaa 10,000, na mutu anaelewa kwamba itafanya masaa 10,000 kisha njo itakufa. Sivyo. Kama kiwango cha pane hakibadiliki na muda, uwezekano wa kufika ile MTBF yenyewe bila pane ni asilimia 37 tu, yani mu kila vifaa 100 vyenye umeweka kwa mara moja, 63 vinaweza kuwa vimeshapata pane mbele ya masaa yale. Mwaka mumoja bila kuzima ni masaa 8,760, na kwa MTBF hiyo ya 10,000 uwezekano wa kuumaliza mwaka ni kama asilimia 42. Ile namba ni wastani wa vifaa vingi, haiko ahadi ya kifaa chako.

Jioni ya rulma (bering) njo niliipenda kupita zote. Alileta rulma ya konvuayeri (mukanda wa kubeba mawe ya mine) yenye ilitolewa kazini, ikapita mikono kwa mikono. Ukiigeuza pole pole unasikia mu vidole mahali inakwama, palepale kila muzunguko, na ukiisogeza ku taa unaona ku njia ya bile kuna kigamba cha chuma kimetoka, milimita chache tu, kando yake chuma bado kinangaa kabisa. Hii ni pane ya uchovu, chuma kimebebeshwa mzigo mara nyingi mpaka kikapasuka chini ya ngozi. Kisha akachukua ingine, hii iko na alama kwenye duara yote sababu mutu aliiingiza na nyundo. Ya kwanza ilikufa juu ilizeeka, ya pili ilikuwa imeshaanza kufa siku ya kufungwa.

Kutoka pale akaingia ku Weibull, ni mutu wa Uswidi, Waloddi Weibull, mwenye andiko lake la 1951 njo lilifanya hesabu yake ya namna vifaa vinakufa kwa umri ijulikane mu enjeniyeri wote. Kitu cha kubakia nacho ni namba moja wanaiita beta. Ikiwa chini ya 1, vifaa vinakufa vingi mwanzoni, tafuta makosa ya kufunga, piyesi za bandia, kazi mbaya. Ikiwa 1, pane inakuja saa yoyote, umri hausemi kitu. Ikiwa juu ya 1, kitu kinazeeka, na pale njo kuna maana ya kubadilisha mbele hakijakufa. Hii inagusa mifuko ya watu, juu ma chef wengi wa mantenansi wanaamrisha kubadilisha kila kitu kwa masaa fulani. Kama beta iko chini ya 1, unatoa kifaa chenye kilishapita hatari ya mwanzo unaweka kipya chenye ndiyo kinaianza, unalipa pesa ili uongeze pane.

Akatupa na mufano wa ndege: 1978 Stanley Nowlan na Howard Heap wa United Airlines walitoa ripoti yao kwa wizara ya ulinzi ya Marekani, na mu vifaa vya ndege vyenye waliangalia ni asilimia 11 tu vilikuwa na alama ya kuzeeka yenye ingefanya kikomo cha umri kiwe na faida, na asilimia 68 vilikuwa na hatari kubwa mwanzoni kisha inashuka na kutulia. Ni vya ndege, konvuayeri na kamyo ya mine iko na vumbi na vyuma vinasuguana, kwa hiyo hizo asilimia usizibebe mzimamzima mpaka mine ya Kipushi. Lakini swali lake linabebeka: uko na uhakika gani kwamba hiki kifaa kinazeeka?

Sasa kitu chenye kiliniingia kuliko vyote, na naomba wenye kufanya kazi mu ma hopitali na ma klinike wasome vizuri. Tunapenda kusema "tuko na gurupu mbili, hatuna wasiwasi". Kama gurupu moja iko na nafasi 1 juu ya 10 ya kukataa kuwaka saa ya delestaji (saa wanakata umeme), mbili pamoja ni 1 juu ya 100. Lakini hesabu hiyo ni kweli tu kama pane ya moja haigusi ya pili. Angalia sasa: zote mbili zinakunywa mazuti ya tanki moja, na mazuti yakiwa na maji zinazima zote. Zote mbili zinawashwa na bateri zenye zilinunuliwa siku moja ku muuzaji mumoja. Zote mbili zinapita ku inverseri moja (ile inahamisha umeme kutoka laini mpaka gurupu), ile ikiungua unabakia na gurupu mbili zinanguruma na sale ya operasyo iko giza. Mwalimu aliipiga: kama sehemu 1 juu ya 10 ya pane zote ni zile zenye zinaangusha gurupu mbili kwa mara moja, ile 1 juu ya 100 yako inakuwa karibu 1.8 juu ya 100, yani hatari imekaribia kujizidisha mara mbili, na kuongeza gurupu ya tatu ku tanki lilelile haitaiondoa.

Fukushima, ile sentrale ya nyukleya ya Japani, ni ile ile. Tarehe 11 mwezi wa 3, 2011, tetemeko lilikata umeme wa inje, magurupu ya mazuti yakawaka sawa vile yalipangwa, kisha maji ya tsunami yakafika, na mengi ya ile magurupu yalikuwa mu vyumba vya chini ya majengo pamoja na ma tablo yao ya umeme. Yakakufa pamoja. Moja ya kitengo cha 6, yenye ilikuwa inapozwa na hewa, njo ilibakia inafanya kazi, na ikasaidia vitengo vya 5 na 6 vipone. Ilipona sababu ilikuwa tofauti na zingine, mahali pake na namna ya kuipoza. Basi ukiwa unajenga klinike mu komine ya Kenya ama ya Kamalondo hapa L'shi na uko na pesa ya vitu viwili, gurupu moja na sola na bateri iko salama kuliko gurupu mbili pacha. Mtoto mwenye kuwa ku oksijeni hana dakika za kungoja mutu akatafute mazuti mengine.

Somo la disponibilite, yani sehemu ya muda masini iko tayari kufanya kazi, lilipita haraka lakini lilikuwa la kwetu kabisa. Masini inapata pane kila masaa 500, kuitengeneza ni masaa 4: inapatikana asilimia 99 ya muda, ba chef wanafurahi. Sasa piyesi haiko mu stoki, inatoka Afrika Kusini, iko mu foleni ku Kasumbalesa, wiki mbili zinapita, ni masaa 336. Masini ileile, fundi yuleyule, pane ileile, inashuka asilimia 60. Tunalaumu fundi kwamba anachelewa na fundi amekaa anangoja kartoni.

Sasa ile nyota moja yenye nimekata. Sehemu ya data waliikimbiza, na kwa mawazo yangu njo sehemu mutu wa kazi anaihitaji zaidi. Mufano: uko na pompe 8, 5 zimekufa kisha masaa 9,000 kwa ujumla, 3 bado zinafanya kazi na kila moja imefika masaa 4,000. Mutu anachukua zile 5 tu, anagawanya, anasema wastani ni masaa 1,800. Zile 3 zenye ziko hai zimefanya masaa 12,000 bila pane na ameyatupa. Ukiyaweka, ni masaa 21,000 kwa pane 5, inatoka 4,200. Kutoka 1,800 mpaka 4,200 ni tofauti ya kununua stoki ya piyesi mara mbili na zaidi. Walilitaja mu dakika kidogo wakapita, na watu wengi walitoka bila kushika, nilisikia maswali yao inje. Wapunguze historia, waweke jioni nzima pale.

Pia silabusi iko Kifaransa yote, na ina makosa ya kupiga ku jedwali la mwisho, wakati masomo yanaenda Swahili. Mutu mwenye kusoma peke yake nyumbani atasumbuka. Arbre de défaillance, mchoro kama muti wa kutafuta sababu za pane, ile ya Bell Labs ya 1962 yenye ilianzia ku makombora ya Minuteman ya Marekani, walitufanyisha zoezi moja tu, zuri lakini moja halitoshi, mukono bado haujazoea kupanga ma "na" na ma "ama". Na siku ya ordinateri kuran ilikatika, gurupu yao ikachukua muda kuwaka, tukapoteza karibu nusu ya jioni.

Sertifika wanatoa, lakini usiende juu ya karatasi. Nenda kama uko unafunga sola na pompe, kama uko mantenansi ku mine, kama uko unasimamia umeme wa hopitali ama wa shule. Hesabu yenyewe ni ya kuzidisha na kugawanya, na ile e ya kalkuleta ya kupiga asilimia za MTBF, mutu wa D6 (mwenye alimaliza sekondari) anaifikia. Beba karne yako ya pane, kile kitabu unaandikamo pane, hata kama imechafuka na grisi: tarehe, masaa ya masini, piyesi gani, ilingojewa muda gani. Mwalimu anabakia kisha somo, anaifungua na wewe ukurasa kwa ukurasa, na hiyo haiongezi bei. Sale ni ndogo, viti vinaisha haraka, kwa hiyo mupite mapema mujiandikishe.