Siku nzima na basi la watalii vijijini Santorini: nilimpeleka Mama, na haya ndiyo niliyoyaona

Nimechelewa kuandika maoni haya kwa sababu nilitaka kumtendea haki yule dada aliyetuongoza, na wakati huohuo niseme bila kuficha kilichonikera kuhusu kampuni iliyomwajiri. Kampuni sitaitaja.

Tulikuwa wawili, mimi na Mama. Ana miaka 71. Magoti yanamsumbua, lakini kuuliza maswali hachoki. Tulifikia Fira, mji mkuu wa kisiwa cha Santorini, Ugiriki, mwishoni mwa Septemba 2025, siku nne. Gari la kukodi sikulitaka, kwa kuwa barabara za kisiwa kile ni nyembamba na zimejaa pikipiki za magurudumu manne zinazoendeshwa na wageni. Basi la siku nzima lenye kiongozi likaonekana linatufaa. Nililipa euro 70 kwa kila mmoja. Bei hiyo ilihusu basi, kiongozi na kuonja mvinyo. Chakula cha mchana na kiingilio cha magofu ya Akrotiri kila mtu alijilipia.

Basi lilichelewa dakika ishirini asubuhi. Lilikuwa safi, lina kiyoyozi, na ndani tulikuwa kama watu arobaini. Kuhusu basi sina zaidi.

Kiongozi ndiye aliyenifanya nione thamani ya fedha yangu kabla hata hatujafika kituo cha kwanza. Dereva alisimama mahali pa kutazamia kaldera, yaani lile shimo kubwa la volkano lililojaa bahari, watu wote wakaelekeza simu baharini. Yeye akatuomba tuiache bahari kwanza, tutazame ule ukuta wa mwamba unaoshuka kama mita 300 mpaka majini. Tukaona mistari: mweusi, mwekundu, kijivu, na juu kabisa tabaka nene la rangi ya unga. Lile tabaka la juu, akasema, ni majivu na mawe ya mlipuko mkubwa wa miaka 3,600 hivi iliyopita. Volkano ilimwaga kilichokuwa tumboni mwake, katikati ya kisiwa ikadidimia, bahari ikaingia. Tunachokiita Santorini leo ni ukingo wa chungu kilichovunjika. Maji yaliyo ndani ya ukingo huo yana kina cha karibu mita 400. Visiwa viwili vyeusi vilivyo katikati, Nea Kameni na Palea Kameni, ni volkano hiyohiyo ikijijenga upya, na mara ya mwisho kulipuka ilikuwa mwaka 1950.

Kisha akatuambia tulikariri lile tabaka jeupe, maana tutakutana nalo kutwa. Na kweli tulikutana nalo. Kila kijiji tulichoingia alituonyesha majivu yaleyale yakifanya kazi nyingine. Nimewahi kwenda ziara ambazo kiongozi anakumwagia miaka na majina mpaka unasinzia. Huyu alishika uzi mmoja asubuhi na hakuuachia mpaka jioni.

Kituo cha kwanza kilikuwa Akrotiri, ule mji wa kale uliofukiwa. Wenye wazee nawaambia mapema: panapitika. Magofu yote yamefunikwa kwa paa moja kubwa, hakuna jua kali, na njia za kupita juu ya magofu ni tambarare. Mama alitembea mwanzo hadi mwisho akishika mkono wangu tu. Uchimbaji wenyewe ulianza mwaka 1967 chini ya mwanaakiolojia Spyridon Marinatos. Utaona nyumba za ghorofa mbili na tatu zikiwa na madirisha yake, mitungi mikubwa ya kuhifadhia chakula, mifereji ya maji machafu chini ya njia. Kuna ngazi ya mawe ambayo kila kidato kimekatika katikati kwa tetemeko, na imebaki hivyohivyo. Usitegemee kuona ile michoro maarufu ya ukutani, imehamishwa. Mbayuwayu wapo kwenye makumbusho Athens, nyani wa rangi ya buluu wapo makumbusho ya Fira. Sisi tulikwenda kuwaona nyani siku ya mwisho kwa sababu dada yule alitusisitizia.

Pale ndipo Mama alipouliza swali lake la kwanza. Ziara yote ilikuwa kwa Kiingereza, nami nilikuwa nikimtafsiria kwa sauti ya chini. Akasema, "Mwanangu, muulize, waliokufa wako wapi? Mbona sioni hata kaburi?" Nikauliza. Dada akatabasamu kama mtu aliyekuwa analisubiri swali hilo. Hakuna maiti hata moja iliyopatikana katika sehemu iliyochimbwa. Dhahabu nayo ni kama hakuna. Matetemeko yalitangulia, watu wakafungasha vya thamani wakaondoka. Walikoishia hakuna ajuaye, ila ndani ya nyumba zao hawakuwamo. Mama alinyamaza kidogo, kisha akasema, "Kwa hiyo walisikia." Nikamtafsiria dada yule neno hilo. Akaligeuza geuza kidogo kichwani, akawaambia wenzetu wote kwenye kipaza sauti, halafu akaongeza kwamba mapema mwaka huohuo wa 2025 ardhi ilitikisika mfululizo siku nyingi, na maelfu ya watu waliondoka kisiwani kwa meli na ndege mpaka hali ilipotulia. Yeye alikuwa mmoja wao. Basi zima likawa kimya.

Kutoka hapo tulikwenda Emporio, na hapa ndipo furaha yangu na lawama yangu vinapokutana. Ukiwa barabarani ni kijiji cha kawaida. Ukiingia sehemu ya kale, nyumba zimebanana mpaka kuta zao za nje zimekuwa ngome. Hakukuwa na haja ya kujenga boma, kwani migongo ya nyumba ndiyo boma, na ilijengwa hivyo kwa hofu ya maharamia. Vichochoro vinapinda, vinapita chini ya matao, vinapanda juu ya paa la mtu na kushuka kwenye ua wa mwingine. Hakuna maduka ya kofia wala sumaku za friji. Bibi mmoja alikuwa anaanika nguo, paka wawili wamelala kwenye kivuli. Dada yule alimwita Mama, akamwambia aguse ukuta mahali chokaa ilipobanduka, kisha akatueleza: majivu ya volkano yakichanganywa na chokaa huwa saruji inayoganda hata ndani ya maji. Kwa ajili hiyo yalichimbwa hapa kwa wingi na kusafirishwa hadi Misri wakati Mfereji wa Suez ulipokuwa unajengwa, katika miaka ya 1860. Na kwa kuwa kisiwa hakina miti ya kutosha kutoa mbao za paa, watu walijenga mapaa ya kuba kwa mawe na saruji hiyohiyo, au walichimba nyumba moja kwa moja ndani ya majivu yaliyoshikana. Zile nyumba nyeupe za kwenye picha, kumbe umbo lake limetokana na kukosa mbao.

Tulipewa dakika 40. Arobaini tu! Mama alikuwa amekaa kwenye kizingiti, anaongea kwa ishara na yule bibi wa nguo, mara tukaitwa basini. Emporio ndicho kijiji kizuri kuliko vyote tulivyopita siku ile, na ndicho kilichopunjwa muda kuliko vyote.

Chakula cha mchana kilikuwa Perissa, kwenye ufuo wa mchanga mweusi. Saa nzima na nusu. Tulikula fava, ule uji mzito wa manjano unaotokana na punje za jamii ya dengu zinazolimwa hapohapo, pamoja na nyanya ndogo za kisiwa ambazo utamu wake umekolea kwa sababu mmea unaishi karibu bila maji. Chakula kizuri, lakini nusu saa ya pale ingepelekwa Emporio nisingelalamika.

Sasa Pyrgos. Nilipokata tiketi, maelezo yalisema "matembezi mepesi". Pyrgos ni kijiji kilicho juu kuliko vingine, zamani kilikuwa mji mkuu wa kisiwa, na ngome yake ya Kasteli iko kileleni. Basi linaishia kwenye uwanja wa chini. Kuanzia hapo ni ngazi za mawe, nyingine zimelainika kwa kukanyagwa, na sehemu kubwa hazina pa kushika. Hakuna aliyetuambia. Mama alipanda kama ngazi thelathini, akasimama, na nikaona usoni mwake kwamba anaumia lakini hataki kunipotezea siku. Nikamrudisha chini. Tulikunywa chai uwanjani wakati wenzetu wanatazama kisiwa kizima kutoka juu. Mbaya zaidi, kifaa alichopewa Mama cha kumsikilizia kiongozi kilikuwa kimezima tangu mchana na hakukuwa na cha akiba.

Hili nalilaumu, na lawama hii haimhusu kiongozi. Anayeandika maelezo ya ziara anajua ngazi ziko ngapi. Mzee akisoma "mepesi" anakuja amevaa viatu vya kawaida na ana imani. Mstari mmoja tu ungetosha: Akrotiri ni tambarare, Emporio ina vipando vichache, Pyrgos ni ngazi tupu. Mtu angejipanga.

Dada yule aliposhuka na kutukuta, hakutoa radhi ya mdomoni tu. Alikaa na Mama dakika kumi, akamwonyesha kwenye simu yake picha za Pyrgos usiku wa Ijumaa Kuu, wakati wakazi wanapowasha makopo ya moto juu ya mapaa na kuta zote mpaka kilima chote kinawaka. Kuanzia hapo akawa anamwita Mama, kama mimi.

Kwenye kuonja mvinyo, kijiji cha Megalochori, sisi hatunywi, na sehemu hiyo ilikuwa saa nzima. Niliogopa tutakaa tunatazama kuta, lakini tuliomba kutoka nje kwenye mashamba na tukaruhusiwa. Kama wewe pia hunywi, fanya hivyo, usione haya. Mizabibu ya kule haisimami. Wakulima wanasuka matawi yake duara ardhini kama kikapu au kiota, zabibu zinakomaa ndani, upepo na jua haviziumizi. Mvua ni chache mno, mmea unategemea zaidi umande na ukungu wa usiku, na yale mawe mepesi yenye vitundu, ndugu wa yale ya kusugulia visigino, yanashika unyevu huo. Kikapu kikizeeka hukatwa, kingine kikasukwa kutoka kwenye shina lilelile, hivyo mizizi ni ya zamani sana kuliko kinachoonekana juu. Mavuno yalikuwa yameshapita tangu Agosti. Hata hivyo Mama alizunguka kikapu baada ya kikapu akiinama, na magoti hakuyataja.

Kijiji cha mwisho, Oia, tulifika saa kumi na moja na nusu, tukakaa mpaka jua lilipozama saa moja jioni na dakika kadhaa. Najua wengi wanakata tiketi kwa ajili ya Oia. Njia yake kuu imetandikwa marumaru na haina shida kwa mzee, mapaa ya buluu ni mazuri kweli, na jua likizama linazama vizuri. Lakini umati ulikuwa mkubwa kiasi kwamba nilisahau kutazama, kazi yangu ilikuwa kumkinga Mama asisukumwe. Kiongozi alijitahidi kutusimulia tetemeko la tarehe 9 Julai 1956, lililoua watu 53 kisiwani na kuibomoa Oia vibaya, wengi wakahama na nyumba za manahodha zikabaki magofu kwa miaka. Hadithi hiyo ilihitaji utulivu, na utulivu haukuwepo. Kurudi Fira, umbali wa kilomita kumi na kitu, foleni ya mabasi ilituchukua karibu saa moja.

Naipa nyota nne. Moja niliyoinyima ni ya ngazi za Pyrgos na muda uliogawanywa vibaya. Kama una siku moja tu kisiwani na unataka kuelewa unachokitazama, chukua ziara ya aina hii, ila kabla ya kulipa waulize mambo mawili kwa maandishi: mnakaa Emporio dakika ngapi, na kila kituo kina ngazi kiasi gani. Keti upande wa mlango wa mbele kama unasafiri na mzee. Chukua maji yako.

Niliwaandikia kampuni usiku uleule. Walijibu baada ya siku mbili, wakaahidi kubadilisha maelezo. Nilipoangalia leo, neno "mepesi" limeondolewa na sentensi kuhusu ngazi za Pyrgos imewekwa. Kwa hilo nawashukuru.

Siku iliyofuata Mama aliamka kabla yangu, akavaa, akaniuliza basi la kwenda kwa yule bibi linapatikana wapi. Tukapanda basi la umma la kwenda Perissa, ambalo hupitia Emporio, tukashuka. Nguo zilikuwa zimeshaanuliwa, lakini mlango ulikuwa wazi. Tulikaa kwenye kizingiti kile saa tatu.