Wakili wa shamba Nakuru, kesi mbili kwa wakati mmoja

Nampa nyota nne kwa tano na ile moja nitasema mbona nimeikata.

Shamba ni la mzee wetu, ekari mbili huko Bahati. Mzee alifariki 2016, sasa 2021 tukaenda kufanya sachi, yaani kuangalia kwa rejista ya ardhi mwenye shamba ni nani, tunapata limehamishwa kwa mtu hatumjui na fomu ya transfa imesainiwa 2018, na mzee tulishamzika! Tukakimbia polisi, tukapewa namba ya OB (kitabu cha ripoti cha polisi), jamaa akashikwa akashtakiwa kughushi. Wakili tuliyekuwa naye wakati huo, simtaji, akatuambia tukae nyumbani tutulie, jamaa akifungwa shamba linarudi. Tukatulia karibu mwaka na jamaa huku analeta wanunuzi wapime.

Huyu mama wakili tuliyemwendea baadaye swali lake la kwanza lilikuwa nani kati yenu ana barua ya korti ya kusimamia mali ya marehemu. Hakuna aliyekuwa nayo. Akakaa chini na mama yangu akamwelezea polepole hadi akaelewa, kwamba kesi ya jinai ni ya serikali na sisi huko ni mashahidi tu, hata jamaa afungwe jina lake litabaki kwa rejista ya ardhi mpaka korti iamuru lifutwe, na hiyo ni kesi nyingine inaenda korti ya mazingira na ardhi, na huko hauwezi kusimama kwa niaba ya marehemu bila ile barua. Mwaka mzima tulipoteza na hakuna alikuwa ametuambia hivyo, bado inaniuma. Tukaitafuta barua, yeye akaweka kosheni, zuio kwa rejista ya ardhi, shamba lisiuzwe, ndio akafungua kesi.

Baadaye wakili wa jamaa akaomba kesi ya jinai isimamishwe ati mambo yako korti ya ardhi tayari. Wetu alikuwa ametuonya hiyo itakuja, akatuonyesha kifungu 193A cha sheria ya mwenendo wa jinai, kwamba kesi ya madai kuwepo sio sababu ya kusimamisha ile ya jinai. Kitu inaweza kuisimamisha ni kama mtu anatumia polisi kumtisha mwenzake, na sisi hatukuwa hapo. Ombi likakataliwa.

Halafu jamaa akatuma wazee, ati tuondoe kesi ya polisi atarudisha taito. Mama alitaka kukubali kabisa. Wakili akamwambia, "Mama, ile kesi si yako ya kuondoa." Akatueleza pia hata jamaa akiachiliwa huko bado tunaweza kushinda shamba, kwa sababu kwa jinai lazima ithibitishwe bila shaka lakini kwa madai korti inapima ushahidi wa nani una uzito zaidi.

Korti ya ardhi iliamua mwaka jana, usajili wa jamaa ukafutwa. Ile ya jinai bado, shahidi mmoja haji na inaahirishwa tu.

Nyota niliyokata ni ya simu. Hashiki, na siku za kesi kutajwa anatuma kijana wa ofisi bila kutuambia, mama anafika kortini hajui amtafute nani. Hiyo warekebishe tafadhali.

Malipo tulikubaliana kwa maandishi, tukalipa pole pole, na kila mara risiti. Ukienda beba cheti cha kifo, kopi ya taito na namba ya OB, na uende asubuhi kabla hajatoka kwenda kortini.