Nimepima choo mara tatu kutafuta H. pylori: uzoefu wangu

Nimepima choo mara tatu ndani ya miezi mitano, kipimo kile kile, nikitafuta mdudu yule yule: H. pylori, bakteria anayeishi tumboni. Mara ya kwanza jibu lilitoka hasi, mara ya pili chanya, mara ya tatu hasi tena. Lile la kwanza halikuwa kweli. Kipimo chenyewe sikilaumu, kwa sababu nilikipeleka kikopo maabara huku nikimeza omeprazoli, dawa ya kupunguza asidi tumboni, kila asubuhi, na hakuna aliyeniuliza nameza nini.

Nilikuwa na maumivu chini ya chembe cha moyo yaliyokuwa yakiniamsha usiku wa manane. Nilikuwa najaa gesi, na nikila kidogo tu nashiba. Kila niliyemweleza alisema ni mawazo, nipumzike. Nililiamini hilo kwa muda mrefu kuliko nilivyopaswa. Zamani hata madaktari wengi waliamini hivyo kuhusu vidonda vya tumbo, mpaka Waaustralia wawili, Barry Marshall na Robin Warren, walipoonyesha kwamba kuna bakteria, huyu H. pylori, anayeishi ndani ya tumbo lenyewe pamoja na asidi yake yote na kusababisha vidonda. Mwaka 1984 Marshall alikunywa bakteria hao mwenyewe, na siku chache baadaye tumbo lake likavimba kwa ndani. Mwaka 2005 wote wawili walipewa Tuzo ya Nobel.

Nakiri kwamba mwanzoni niliomba nipimwe damu. Niliona aibu kubeba kikopo chenye choo na kumkabidhi mtu mkononi. Daktari alinieleza kwa upole kitu ambacho natamani kila mwenye tumbo bovu akijue. Kipimo cha damu hutafuta kingamwili, yaani askari ambao mwili uliwatengeneza kupambana na mdudu, na askari hao wanaweza kubaki kwenye damu miezi hadi miaka baada ya mdudu kufa. Kwa hiyo damu ikisema chanya, huwezi kujua kama mdudu yupo leo au alikuwepo zamani. Kipimo cha choo hutafuta antijeni, vipande vya mdudu mwenyewe vinavyotoka na kinyesi. Mdudu akiisha, vipande navyo vinaisha.

Kuchukua sampuli ni kazi ya dakika chache. Hakuna kufunga kula, hakuna sindano, hakuna mpira wa kamera kupita kooni. Tandaza plastiki safi au tumia chombo kikavu, ili choo kisichanganyike na mkojo wala maji. Kikopo huwa na kijiko kidogo kilichoshikana na kifuniko, na kinachohitajika ni kiasi kidogo tu, kama ukubwa wa kucha ya kidole gumba. Ukiharisha maji matupu, waambie maabara, maana sampuli nyepesi sana hupunguza uhakika wa majibu. Kama huwezi kuipeleka mapema, uliza namna ya kuihifadhi kwenye baridi. Ile aibu niliyoihofia ilikwisha nilipoona dada wa maabara anakipokea kikopo kama anavyopokea chupa ya damu.

Sasa nirudi kwenye lile jibu la kwanza, maana hapo ndipo nilipopoteza muda. Dawa za kupunguza asidi za kundi la omeprazoli hazimuui mdudu, lakini hupunguza wingi wake kiasi kwamba antijeni inayotoka inakuwa chache mno kuonekana. Kwa hiyo unapata hasi huku mdudu bado yumo. Dawa hizi zinatakiwa zisimamishwe wiki mbili kabla ya kupima. Antibayotiki na dawa zenye bismathi (madini yanayotumika katika baadhi ya dawa za tumbo), wiki nne. Kipimo cha pumzi, njia nyingine ya kumtafuta mdudu huyu, nacho kina masharti hayo hayo, kwa hiyo kukikimbilia hakungenisaidia. Nilikaa karibu miezi miwili nikiamini sina H. pylori, mpaka daktari mwingine alipoangalia tarehe za dawa zangu na tarehe ya kipimo, akatikisa kichwa.

Wiki mbili bila omeprazoli zilikuwa ngumu, sitaficha. Niliruhusiwa dawa za kawaida za kutuliza asidi, zile za kutafuna, nazo zilinisogeza. Lakini usiache dawa kwa uamuzi wako, hasa kama umewahi kutokwa damu tumboni au unatumia aspirini na dawa nyingine za maumivu. Mweleze daktari kwanza. Siku ya 15 nilipima tena, na jibu likaja chanya. Nilifurahi kupata jibu baya, kwa sababu sasa kulikuwa na kitu cha kutibu.

Nilipewa dawa za aina nne kwa siku 14. Mdomo ulikuwa na ladha ya chuma, na choo kikawa cheusi kwa sababu ya bismathi. Jambo hilo la mwisho uliza mapema, maana choo cheusi kama lami kwa mtu asiyetumia bismathi wala vidonge vya madini ya chuma kinaweza kuwa dalili ya damu. Hapo kikopo hakitoshi. Ukitapika damu, ukikonda bila sababu au chakula kikikwama kooni, unahitaji kamera, kwa sababu kipimo cha choo hakionyeshi kidonda wala uvimbe. Kinasema mdudu yupo au hayupo, basi.

Maumivu yaliisha ndani ya wiki ya kwanza ya dawa, na nilishawishika kutorudi maabara. Wengi ninaowafahamu huishia hapo. Lakini kuna bakteria sugu, hasa kwa antibayotiki iitwayo klarithromaisini, na maumivu kuisha si uthibitisho kwamba wamekufa. Shirika la utafiti wa saratani la WHO lilimweka mdudu huyu kwenye kundi la visababishi vya saratani tangu mwaka 1994, na mimi sikutaka kubahatisha. Kabla ya kupima tena, lazima zipite angalau wiki nne baada ya kumaliza antibayotiki. Mimi nilisubiri sita.

Safari hii nilikwenda maabara nyingine. Kabla hajapokea kikopo, mtaalamu aliniuliza: umemaliza antibayotiki lini, umemeza dawa ya asidi ndani ya wiki mbili hizi, choo chako ni kigumu au chepesi? Akaandika majibu yangu kwenye fomu. Kesho yake jibu likatoka hasi. Hasi hiyo niliiamini, na usiku ule nililala bila kuweka kidonge karibu na kitanda.