El compadre Mendoza: we mtazame yule mtumishi bubu

Kama unapenda muvi za kale hii itafute, El compadre Mendoza ya Mexico, dairekta Fernando de Fuentes, ilirekodiwa 1933 ikaanza kuonyeshwa 1934. Nyeusi na nyeupe, kama saa moja na nusu tu. Ila nakuomba ukikaa kuitazama usihangaike na steringi peke yake, mtazame na Emma Roldán, yule mama anayecheza mtumishi bubu nyumbani kwa Mendoza. Jina lake utalikuta chini huko kwenye orodha ya waigizaji, na kwangu mimi ndo anayeibeba.

Stori yenyewe ni wakati wa mapinduzi ya Mexico. Tajiri Rosalío Mendoza ana hacienda kubwa, yaani shamba la kitajiri, na kila jeshi likipita yeye yuko upande wao, wakija watu wa Zapata, kiongozi wa wakulima waasi, ukutani inatundikwa picha ya Zapata, wakija wa Huerta, jenerali aliyeshika serikali, inashushwa fasta inapandishwa ya Huerta, baadaye Carranza, mpinzani wa Huerta, naye anapata zamu yake, na wote wanakula wanakunywa wanaondoka wakijua huyu mzee ni mwenzetu. Siku ya harusi yake watu wa Zapata wanavamia, nusura apigwe risasi, anayemwokoa ni jenerali Felipe Nieto. Hapo urafiki unakolea mpaka mtoto wa Mendoza anaitwa Felipe na jenerali anakuwa baba yake wa ubatizo. Mwisho sisemi, ila andaa moyo.

Sasa fikiria hili. Sinema ya Mexico ndo kwanza ilikuwa imepata sauti, muvi ya sauti ya Santa ilitoka 1932, kila mtu anataka waigizaji waongee na waimbe maana hicho ndo kilikuwa kitu kipya kinachojaza kumbi, halafu katikati ya hayo yote de Fuentes anamkabidhi mama huyu nafasi isiyo na neno hata moja! Na Roldán hatapatapi. Mikono anaitumia ndio, lakini kazi kubwa iko machoni, wanaume wanapiga porojo na kubadilisha rangi kila dakika na yeye yupo tu pembeni, anaona, na wewe mtazamaji unajua kabisa kwamba anaona, inafika mahali ukisikia ahadi tamu ya Mendoza unamtafuta yeye kwanza ujue kama ni kweli. Mimi nilijikuta nafanya hivyo bila kupanga. Kitu kingine kilichonifurahisha, aliyecheza Mendoza ni Alfredo del Diestro, Mchile, na ndo alikuwa mume wake kabisa kwenye maisha halisi, kwa hiyo mtumishi anayemsoma bosi wake vile anamfahamu vizuri sana.

Ukishamzoea hapo nenda Allá en el Rancho Grande ya 1936, dairekta yuleyule. Hiyo ndo muvi iliyoifungulia sinema ya Mexico soko la Amerika ya Kilatini nzima, na picha za mpiga kamera wake Gabriel Figueroa zilipata tuzo kwenye tamasha la filamu la Venice 1938. Watu wanakumbuka Tito Guízar na nyimbo, sawa, anaimba vizuri. Lakini Roldán ndo Ángela, yule mama aliyemlea binti Cruz halafu anataka kumpeleka kwa bosi kwa ajili ya pesa, na bila tamaa yake hakuna ugomvi, hakuna wivu, stori haipo. Kutoka bubu mwenye macho mpaka mama mwenye mdomo kama ule, na ni miaka michache tu imepita.

Alicheza muvi zaidi ya 200, nyingi vinafasi vidogo vya mama wa nyumba, shangazi mkali, jirani mbea, bibi. Alizaliwa 1893, na 1978, mwaka aliofariki, bado yumo kwenye El lugar sin límites ya Arturo Ripstein kama Ludovinia. Sinema ya Mexico ilipanda ikashuka, mastaa wakaja wakapita, yeye kazini.

Kasoro zipo. Kopi niliyoipata ya Mendoza sauti inakwaruza, usiku kuna sehemu ni giza tupu, na sabtaito zinafupisha maongezi mpaka mzaha wa Mendoza unapotea, inauma maana jamaa anachekesha kweli kabla mambo hayajaharibika. Mwanzo pia unajivuta, vumilia mpaka harusi. Muvi yenyewe naipa nyota 5, kopi yangu 3, hivyo ukipata iliyosafishwa chukua hiyo.

Na simu weka mbali kabisa. Muvi nyingi unaweza kuchati huku unasikiliza, ila Roldán hapa hana sauti ya kukuita, ukiinamisha kichwa tu ushamkosa.