Kupima udongo wa shamba la zabibu Hombolo: uzoefu wangu na kifaa cha kuchomeka na maabara mbili

Mkulima wa zabibu wa Dodoma anayetaka kuujua udongo wake anaweza leo kununua kifaa cha kuchomeka ardhini kwa bei isiyozidi ya mfuko wa mbolea, au kufunga sampuli na kuzituma maabara kwa basi. Nimetumia njia zote mbili katika shamba lililo upande wa Hombolo, mahali ambapo udongo mwekundu wa kichanga unashuka hadi kwenye udongo mweusi wa mbuga, na ambapo maji ya kisima yana chumvi inayoonekana wazi ndani ya birika. Kifaa sikipendekezi kwa uamuzi wowote wa mbolea. Maabara ya kwanza, ambayo ni ya binafsi, ilifanya kazi kwa usafi lakini kwa mbinu isiyoendana na udongo huu. Ya pili, ambayo pia ni ya binafsi, ndiyo ninayoendelea kuitumia, ingawa nayo ina kasoro zake.

Kifaa nitakimaliza haraka. Kile chenye mshale na vijiti vya metali hakina betri. Kinategemea mkondo mdogo wa umeme unaozalishwa na metali mbili tofauti zinapogusana na udongo wenye unyevu. Mwezi wa Septemba, udongo wa Dodoma ukiwa umekauka kabisa, mshale hausogei. Ukimwagia maji unasogea, na ukimwagia maji ya kisima yenye chumvi unasogea zaidi. Kile cha kisasa chenye kioo, kinachodai kuonyesha naitrojeni, fosforasi na potasiamu kwa pamoja, kwa kweli hupima jinsi udongo unavyopitisha umeme, kisha hukisia virutubisho kwa hesabu iliyowekwa ndani yake kiwandani. Katika udongo wenye sodiamu nyingi hesabu hiyo hutafsiri chumvi kuwa mbolea, na shamba linalougua husomeka kuwa shamba tajiri.

Maabara zote mbili zilitoa maelekezo ya kuchukua sampuli, na nilipenda kwamba ya pili iliyaandika kwa kina: kupita shambani kwa njia ya kupindapinda, kuchanganya udongo wa sehemu nyingi ndani ya ndoo ya plastiki, na kuepuka vichuguu, pembezoni mwa njia na mahali palipokuwa na zizi la ng'ombe, kwa kuwa zizi la zamani huacha fosforasi inayodumu miaka mingi. Ndoo ya bati ilikatazwa kwa sababu mipako yake ina zinki, na zinki ni mojawapo ya vitu vinavyopimwa. Kwa zabibu walitaka sampuli mbili, ya sentimita 0 hadi 30 na ya 30 hadi 60, jambo ambalo maabara ya kwanza haikuligusa kabisa ingawa mizizi ya mzabibu haiishii juu juu.

Tatizo la maabara ya kwanza lilikuwa fosforasi. Cheti chao kilionyesha pH, yaani kipimo cha uchachu wa udongo ambapo 7 ni katikati na zaidi ya hapo si chachu, ya 8.2 katika maji, kisha fosforasi ya chini mno, pamoja na ushauri wa kuongeza DAP, mbolea yenye fosforasi nyingi, kwa wingi. Hakikutaja mbinu iliyotumika. Nilipouliza, fundi sanifu alinijibu kwa upole, "Mzee, sisi tunatumia Bray kwa sampuli zote." Mbinu hiyo, iliyoelezwa na Bray na Kurtz mwaka 1945, hutoa fosforasi kwenye udongo kwa mmumunyo wa floridi ya amonia uliochanganywa na tindikali hafifu ya kloridi, na inafaa sana kwenye udongo wenye uchachu wa nyanda za mvua nyingi. Udongo wenye chokaa, wa pH ya juu kama huu, huila tindikali hiyo kabla haijafanya kazi, na floridi nayo hunaswa na kalisi ya chokaa, kwa hiyo tarakimu inayotoka huwa ndogo hata pale fosforasi ilipo. Kwa udongo wa pH ya juu kuna mbinu ya Olsen ya mwaka 1954, inayotumia bikaboneti ya sodiamu yenye pH ya 8.5. Maabara ya pili ilipima sampuli ya shamba lilelile kwa Olsen, na fosforasi ikawa ya wastani. Nisingepata kipimo hicho, ningenunua mifuko ya DAP kwa shamba ambalo shida yake ilikuwa kwingine.

Tena ieleweke kwamba tarakimu za mbinu hizo mbili hazilinganishwi moja kwa moja, kwa sababu kila moja ina jedwali lake la kiwango cha chini na cha kutosha. Cheti kinachoandika "fosforasi" na tarakimu tu, bila jina la mbinu, hakina matumizi yoyote kwa afisa ugani anayejua kazi yake. Hiki ndicho kigezo changu cha kwanza ninapoipima maabara, mbele ya bei na mbele ya kasi.

Hali ni hiyo hiyo kwa chumvi. Chumvi hupimwa kwa jinsi maji ya udongo yanavyopitisha umeme, kwa kizio cha desisimensi kwa mita. Kikomo cha desisimensi 4 kwa mita, ambacho wengi hukitaja kuwa ndicho kinachotenganisha udongo wa chumvi na usio wa chumvi, kinahusu maji yaliyokamuliwa kutoka kwenye udongo uliolowekwa hadi ukawa ujiuji. Maabara nyingi, kwa kurahisisha kazi, hupima mchanganyiko wa sehemu moja ya udongo na sehemu mbili na nusu au tano za maji, ambao ni mwepesi zaidi na hutoa tarakimu ndogo zaidi. Maabara ya kwanza ilipima kwa njia hiyo rahisi, ikalinganisha na kikomo cha ile nyingine, ikaandika kwamba shamba halina chumvi. Ukizingatia kwamba mzabibu huanza kupunguza mavuno karibu na desisimensi 1.5 kwa kipimo cha ujiuji, hitimisho hilo lilikuwa la hatari.

Mboji nayo ilinifundisha jambo. Maabara nyingi nchini hutumia mbinu ya Walkley na Black ya mwaka 1934, ambapo kaboni ya udongo, inayotumika kukadiria mboji, huunguzwa na kemikali iitwayo dikromati ndani ya tindikali kali ya salfa, kisha dikromati iliyobaki hupimwa. Kloridi, ambayo ni sehemu ya chumvi yetu ya Hombolo, nayo hula dikromati, kwa hiyo udongo wa chumvi huonekana una mboji nyingi kuliko iliyopo. Cheti cha kwanza kilinipa kaboni ya kupendeza kwa udongo wa mbuga uliolimwa miaka mingi bila samadi, na kwa mtazamo wangu hilo peke yake lilitosha kuwatia shaka waliokisaini. Maabara ya pili iliongeza salfati ya fedha ili kuizuia kloridi, ikaliandika hilo kwenye tanbihi, na tarakimu ikashuka.

Thamani kubwa ya maabara ya pili ilikuwa kipimo cha sodiamu. Walipima kalisi, magnesiamu, potasiamu na sodiamu kwa mmumunyo wa asetati ya amonia, wakaondoa kwanza chumvi zinazoyeyuka katika maji ili zisihesabiwe kana kwamba zimeshikwa na udongo, wakanipa asilimia ya sodiamu iliyoshikwa na udongo. Katika tabaka la chini asilimia hiyo ilivuka 15, kiwango ambacho udongo huanza kuitwa wa magadi: chembe zake hutawanyika, maji hayapenyi, na majani machanga ya mzabibu huwa ya njano huku mishipa ikibaki kijani, kwa kuwa chuma hakipatikani kwenye pH ya juu. Dawa iliyopendekezwa ilikuwa jasi, madini yenye kalisi inayochukua nafasi ya sodiamu kwenye udongo, ambayo kwa bahati inachimbwa Itigi mkoani Singida, na kiasi chake kilikokotolewa kutokana na sodiamu iliyopimwa.

Kasoro zao ni hizi. Naitrojeni walipima kwa Kjeldahl, mbinu ya Denmark ya mwaka 1883, inayoonyesha karibu naitrojeni yote ya udongo, hata ile ambayo mmea hauwezi kuitumia sasa. Kwa mkulima anayetaka kujua kiasi cha kukuzia mwaka huu, jumla hiyo haisaidii sana, na wangeweza kumwambia hivyo kabla hajailipia. Majibu yalichelewa kuliko walivyoahidi. Jedwali la ushauri halikugusia kwamba jasi huhitaji maji ya kuisukuma sodiamu chini ya mizizi, na kwamba kwa mvua zetu za msimu mmoja kazi hiyo inapaswa kupangwa kabla ya Desemba. Jasi ilimwagwa Novemba, na sampuli ya sentimita 30 hadi 60 itarudi kwao mvua zikikatika, kwa kipimo cha sodiamu na cha chumvi pekee, kwa kuwa vingine havitakuwa vimebadilika kiasi cha kulipiwa tena.